Mkalimani wa Mama wa Watu

Kwa miaka mingi nilikuwa mtu wa Uarabuni kwenye televisheni. Kukitokea mlipuko Beirut au Baghdad, aliyeonekana ni mimi, nimevaa ile fulana nzito ya kuzuia risasi, nikiwaeleza Watanzania waliokaa sebuleni kwao. Kiarabu nilikijua hasa. Nilikuwa nikisimama na mama aliyefiwa, yeye analia na kusema, mimi nageuza maneno yake kuwa Kiswahili hapo hapo, bila kukwama. Watu walinisifia. Nami nilivimba kichwa, kwa nini nifiche.

Kikaguru, lugha ya mama yangu mwenyewe, sikukijua. Nilikuwa mdogo sana mjomba aliponichukua nikalelewe na kusomea Mikumi, na Mikumi ni mji wa barabarani, kila mtu anaongea Kiswahili. Wakati wa likizo nilipokwenda Mvumi ya Kilosa kwa mama, alinisemesha Kiswahili chake cha kanisani, cha polepole, mambo yakaenda. Sikuona sababu ya kujifunza. Lugha ya watu wanaolima mahindi milimani ingenifikisha wapi? Ndivyo nilivyowaza, na leo nikikumbuka natamani kujizaba kofi.

Mwaka jana mama alipata kiharusi. Nilikuwa Amman, nikaacha kila kitu nikaja. Dada yangu, ambaye ndiye aliyebaki naye miaka yote, alinipokea mlangoni.

"Shikamoo dada."

"Marahaba. Pole na safari, mdogo wangu. Mama anatutambua wote, ila Kiswahili kimemtoka. Amebaki na Kikaguru tu. Daktari anasema huwa inatokea."

Kesho yake dada alikwenda Kilosa mjini kuchukua dawa, nikabaki na mama peke yangu. Mara akafumbua macho akaanza kusema. Alisema kwa muda mrefu, amenikazia macho, amenishika mkono. Sikuambulia kitu. Hata kumwambia kwamba simwelewi nisingeweza, maana maneno ya kumwambia hivyo sikuwa nayo. Basi nikafanya kile ninachokijua. Nikawasha simu nikamrekodi, ili dada akirudi anitafsirie, huku naitikia kwa kichwa kama ninavyofanya mbele ya kamera ili anayehojiwa asinyamaze. Mwisho akachoka, akauachia mkono wangu, akalala. Dada aliporudi tuliona tusimsumbue, na ile rekodi nikaona isubiri mpaka aamke. Hakuamka tena.

Tulimzika. Watu walipokwisha kutawanyika nikampa dada ile simu. Nilitarajia wosia, au baraka, au basi hata lawama, ningeipokea. Alisikiliza mpaka mwisho, akarudisha mwanzo, akasikiliza tena, akafuta macho kwa khanga. Kisha akataka kunirudishia simu. Nikamsihi aniambie yote, asinifupishie. Nilijua kufupisha ni nini. Vilio vya watu wangapi nimevikata ili habari za michezo zisichelewe.

"Hakuna cha kufupisha," dada akasema. "Mwanzo anauliza kama umekula. Baada ya hapo ni jambo moja tu, analirudia mpaka mwisho: 'Mwanangu, mbona hunijibu?'"