Firigisi ya Korongo

Mwanangu, kuna asubuhi moja ambayo nikiikumbuka hadi leo hofu hunishika, na mimi si mtu wa kuogopa ovyo. Nilikuwa na miaka kumi na tisa, nyumbani Sori, kando ya ziwa, na nilikuwa mwuaji wa korongo.

Unawajua, wale weupe wenye miguu myekundu wanaofika mvua za vuli zikianza. Wanatoka Ulaya, wanavuka jangwa, wanapumzika kwenye mashamba yetu ya mpunga, kisha wanaendelea Tanzania na kusini zaidi. Sisi tuliona nyama tu. Tulipaka konokono dawa ya wadudu, tukawatawanya matopeni, tukangoja. Ndege akianguka tulikata shingo, tukatupa matumbo na firigisi, tukaosha nyama kwa chumvi. Tulisema sumu yote hubaki kwenye firigisi. Nani alituambia? Hakuna, tuliambiana wenyewe.

Siku hiyo nilitupa firigisi nyuma ya jiko. Dada yangu Akinyi alikuwa na miaka sita. Kwetu firigisi ni ya baba mwenye nyumba, mtoto huishia kuinusa tu. Akaiona imetupwa, haina mwenyewe. Akaiokota, akaichoma kwenye makaa, akala amejificha.

Nilimkuta ameegemea ukuta wa jiko, mate yanamtoka, vidole vinatetemeka, kijiti cha kuchomea bado kimo mkononi. Niliogopa hata nikasahau jina lake. Nikamfunga mgongoni kwa leso ya mama, nikapanda baiskeli, na njia nzima nilikuwa nasikiliza kama anapumua.

Kwenye zahanati daktari aliuliza amekula nini. Hapo ndipo aibu yangu ilipo, mwanangu. Niliogopa polisi, maana kuwategea ndege sumu kulikatazwa.

"Hajala kitu, daktari. Ni malaria tu."

Akaitazama mikono yangu, ilikuwa na matope na manyoya. "Kijana, ukinidanganya nitatibu malaria, na huyu atakufa kwa kitu kingine. Amekula nini?"

Nilinyamaza. Ulikuwa muda mfupi, lakini sijawahi kufanya jambo baya kuliko kule kunyamaza. Akinyi akaanza kukoroma. Ndipo nikasema yote: firigisi, korongo, dawa ya shambani.

Alidungwa sindano nyingi, akapona. Alasiri akaomba uji. Baba alifika na pete nyembamba ya chuma yenye herufi za kigeni, ya wale wanaofuatilia safari za ndege, aliyoitoa kwenye mguu wa ndege yule kule jikoni. Akaiweka kiganjani mwangu.

"Huyu kuna mtu alimjua," akasema polepole. "Jangwa lote lile halikumuua. Ameuawa na mtoto wangu."

Hakunipiga. Afadhali angenipiga.

Nakuandikia haya kwa sababu juzi nimepita kando ya mfereji nikaona konokono waliopakwa unga wa dawa ileile. Hofu ile ikanirudia yote, nikashika mti nisianguke. Korongo siku hizi wanakuja wachache, mwenyewe unaona. Na wajukuu wa Akinyi hucheza kwenye mfereji huohuo.

Basi nisikilize. Usimtegee ndege sumu, hata ukiwa na njaa. Usinunue ndege wa porini aliyeletwa ameshakatwa shingo, awe wa bei rahisi namna gani. Ukimwona mwenzako na unga ule, mzuie, hata akikuita mwoga. Mimi ni mwoga tangu siku ile na sioni haya. Na ukikosea, sema upesi, maana mtu anaweza kufa wewe ukiwa bado unatafuta uongo mzuri.

Nyasaye, Mungu wetu, akulinde mikono. Akupe watoto wanaopumua vizuri wakiwa wamelala. Na mvua za vuli zikianza, uwaone wale wasafiri wakishuka shambani kwako, washibe, na waondoke.