Shuka la Pande Mbili

Nakumbuka siku moja kule Nyansiongo, mashamba ya walowezi yakiwa yamegawiwa watu wetu juzijuzi tu, nilipigilia shuka jeupe kwenye ukuta wa ghala la mahindi nikajiona fundi. Mwanangu, mimi shule niliiacha mapema. Miguu ilikuwa ikiniwasha. Lakini mwenda bure si mkaa bure. Katika kuzurura kwangu nikaokota kazi ya kuendesha mtambo wa sinema wa Bwana Ombati.

Yeye alianza kwa kusimama kando ya picha za wengine, akizieleza kwa Ekegusii kwenye kipaza sauti. Akachoka kueleza ng'ombe wa nchi za mbali. Akaazima kamera, akaandika hadithi yake, akaiongoza mwenyewe: mke mchangamfu anamfunza mume bahili kulisha ng'ombe. Mke aliigizwa na Kerubo, mkaza mwana wa Mzee Nyakundi. Ng'ombe alikuwa wa huyo mzee. Jioni ile filamu ilikuwa inaonyeshwa kwa mara ya kwanza, na Bwana Ombati mwenyewe hakuwa ametia kitu tumboni tangu asubuhi.

Watu wakajaa. Mzee Nyakundi akaketi mbele. Nikamwona Kerubo amesimama nje ya ua, ametupa mgongo.

"Mama, njoo ujione!" nikamwita.

"Niketi na baba mkwe, tucheke pamoja nikimtania mwanamume? Unataka nilaaniwe?"

Hiyo ndiyo chinsoni yetu, heshima ya kuoneana haya kati ya mtu na mke wa mwanawe. Wake wengine wa kijiji, ambao wakwe zao nao walikuwa wameketi pale, walikuwa wameshaanza kurudi nyumbani naye akawafuata.

"Wacha ushamba," nikamwambia. "Ni picha tu."

Bwana Ombati akanisikia. Hakupaza sauti. "Kijana, huyo ndiye filamu. Akienda, utaonyesha nini? Kimbia uwarudishe, kisha ung'oe misumari."

Nilipowarudisha, akaniamuru nilifunge shuka kati ya nguzo mbili, katikati ya uwanja, na nilimwagie maji ili mwanga upenye. Wazee upande huu, wake za watoto wao upande ule.

"Lakini huko nyuma picha itageuka, Bwana! Kerubo atabeba ndoo kwa mkono wa kushoto!"

"Na maziwa yatamwagika?"

Nikawasha mtambo. Mume bahili alipopigwa teke na ng'ombe, Kerubo, kule nyuma ya shuka, alicheka hadi akalala kwenye nyasi. Upande wa pili Mzee Nyakundi, asiyemwona, akakipokea kile kicheko. "Ng'ombe wangu huyo!" akapaza sauti. "Mpige tena!"

Nilimtafuta Bwana Ombati kwenye kiti nilichomwekea mbele. Kitupu. Alikuwa huko nyuma, amechuchumaa, akiitazama filamu yake ya kwanza ikiwa imegeuka, machozi ya kicheko yakimtoka.

Aliandika na kuongoza nyingine baada ya hiyo. Nyingi zimeozea makoponi, na jina lake vijana wa Nyamira hawalijui. Mimi nalijua. Miji niliyopita ni mingi na kazi nilizojaribu ni nyingi, lakini ukiniuliza nilisomea wapi nitakupeleka kwenye uwanja ule, ambao siku hizi ni shamba la chai. Namshukuru kila nikipita.

Basi, mwanangu, wewe unayepiga video kwa simu pale Kisii mjini na kuhesabu wanaotazama, sikia. Heshima si utumwa. Ukitengeneza kitu kizuri, geuka uangalie nani amesimama nje ya ua, umuulize kinachomzuia kuingia. Halafu lihamishe shuka, kwa maana shuka ni jepesi kuliko mtu.

Mungu akupe jicho la kumwona huyo, na mkono usioona haya kung'oa msumari ulioupigilia mwenyewe. Na kicheko cha nyumba yako kisikike pande zote mbili.