Wimbi Lililogeuzwa

Entis Sutarya alikuwa mcheza mawimbi wa kawaida tu, wa kuteleza baharini kwa ubao, pale kijiji cha pwani cha Cimaja, na angeridhika na ukawaida huo, shemeji yake Wiwin asingekuwa na neno naye. Lakini tangu apate kamera alianza kuongea kwa sauti ya chini kama mgonjwa, na watu aliokua nao tangu utotoni akawa anawaita "jamii ya mawimbi". Filamu zake alizitengeneza mwenyewe, bila kampuni wala mfadhili, na hilo alilitaja hata pasipo kuulizwa. Mkewe Nining, dada yake Wiwin, alishinda akishona mifuko ya kubebea mbao za mawimbi ili mume apate muda wa kutafakari.

Asubuhi moja mawimbi yalikuja makubwa kupita mapaa ya nyumba. Entis alisema kiuno kinamuuma, akabaki ufukweni juu ya mawe na kamera yake. Wiwin aliingia. Alipata wimbi moja ambalo hajapata jingine kama hilo, akalipanda mpaka mwisho. Jioni Entis alimwambia picha zimeharibika, hazifai kitu.

Mwaka uliofuata filamu ya Entis ikapata tuzo Bandung, mji wa milimani ambako bahari wanaiona kwenye kalenda. Akaja kuionyesha nyumbani. Mchana madirisha ya ukumbi wa kijiji yalizibwa kwa maturubai, watu wakakaa na ndizi zao za kukaanga. Kwenye kitambaa cheupe akaonekana mtu mdogo, mbali, akishuka wimbi kubwa, na sauti ya Entis ikasema, "Siku ile bahari ilinichagua mimi."

Wiwin hakutambua mara moja. Kisha akaona mnara wa waamuzi wa mashindano, usioondoka mahali pake, umehamia upande wa pili wa ufukwe. Yeye husimama mguu wa kulia mbele. Entis, wa kushoto, kama yule wa kwenye kitambaa. Picha ilikuwa imegeuzwa kama kwenye kioo, na wimbi lilikuwa lake.

Mzee Dirja, fundi wa mbao za mawimbi, ndiye aliyeuliza taratibu, "Entis, wimbi letu limeanza lini kuvunjika kwenda kushoto?"

Ukumbi mzima ukacheka. Entis alieleza kwamba hiyo ni lugha ya sanaa, na Bandung walimwelewa.

"Ungeniomba, shemeji," Wiwin akasema. "Ningekuazima. Sasa hata kuiba kwenyewe umeiba kinyumenyume."

Hakuna aliyekwenda kumshtaki. Nining alikuja kumwombea msamaha, uso chini, na Wiwin akamjibu kwamba hana hasira. Hasira ni ya kumpa mtu anayestahili.

Siku Entis aliporudi majini, wenzake walimpisha, kama wanavyowapisha wanafunzi, wakamwachia kiwimbi cha magotini. Alikichukua akitabasamu. Aliamini kabisa ni heshima.

Msimu wa mvua ulipoanza alikuwa akitengeneza filamu nyingine, kuhusu unyenyekevu. Alimwomba Wiwin aonekane ndani yake. Wiwin alikuwa anapaka ubao wake nta, akaendelea kupaka.