Albertine na Kitabu cha Les Acides

Ukipita soko la Shituru, mjini Likasi, miaka ile, ukasikia mwanamke anamwambia mteja, "Weka huyo samaki chini, haukuja kumusalimia," ujue umefika kwenye meza ya Albertine. Aliuza samaki wa kukausha kutoka ziwa Tshangalele, na hakuna aliyemchokoza akaenda zake salama. Wageni walisema ana mdomo. Mdomo alikuwa nao, ndiyo, lakini ulimi ule uliwahi kumponza mara moja, na hasira zake zote za baadaye zilianzia hapo.

Alizaliwa katika nyumba ya kampuni, vyumba viwili na jiko la nje, mtaa ambao upepo ukigeuka kutoka kiwandani watu huanua nguo kabla hazijakauka, maana asidi itazila. Walikuwa wawili tu, yeye na yaya wake, yaani kaka yake mkubwa, Barnabé, aliyemtangulia kwa miaka mitatu. Jina la ubatizo la huyo kaka ni hilo Barnabé. Jina la ukoo, alilopewa na babu, ni Kyembe. Kaka mwenyewe alikuwa fundi wa umeme. Mwaka 1967 akang'oa mlango wa kabati la mama yao, Gertrude, akauchonga gita, akafunga nyaya za breki za baiskeli. Mama Gertrude alimfukuza na mwiko mpaka barabarani. Kesho yake watu wakasikia gita.

Gita gani? Kelele! Barnabé alikuwa amesikia sahani za santuri zilizoletwa na binamu kutoka Kitwe, ng'ambo ya mpaka, rock ya Wazungu wenye nywele ndefu, akasema hata sisi tunaweza, tena kwa Kiswahili. Akaunganisha gita na redio mbovu. Alipiga mchana kutwa, siku ya nne Albertine akashindwa. Alikuwa anasonga bukari, ugali wetu, akatoka na ule mwiko wa moto, akauchoma katikati ya spika ya redio, pwaa, karatasi ikapasuka.

"Sasa piga!" akamwambia.

Barnabé akapiga. Sauti ikatoka imechanika, inakwaruza, kama mbuzi aliyebanwa mlangoni. Yule kijana akacheka mpaka akakaa chini. "Albertine," akasema, "usiitengeneze hiyo kintu. Njo sauti yetu hiyo." Hivyo ndivyo ilivyozaliwa ile sauti ambayo baadaye vijana wa Likasi yote waliiiga, na kule Kolwezi na Lubumbashi pia. Bendi akaiita Les Acides, yaani asidi. "Tunaivuta bure kila siku," alisema, "ituachie hata jina."

Walikuwa wanne. Mwimbaji alikuwa Adrien, mtoto wa mama mdogo, kijana wa sura nzuri na meno meupe. Kuimba alijua, kutunga, hata mstari mmoja, hapana. Nyimbo zote zilitoka kwa Barnabé, aliziandika katika daftari la shule lenye jalada la buluu, na kila ukurasa akaweka sahihi: Kyembe. Wimbo uliopendwa kuliko yote aliutungia mama yake, Mama Gertrude anayesimama mlangoni jioni kumngoja mume atoke zamu. Watu wazima walikuwa wakiusikia wanafuta macho, na gita lote lile likikwaruza.

Machi 1971, malaria ikampanda Barnabé kichwani. Siku nne, basi. Alikuwa na miaka ishirini na minane.

Sasa sikilizeni vizuri, maana hapa ndipo penye mambo. Kwetu mtu akifa, jina lake haliachwi lizurure. Ndugu wanakaa, wanamchagua mmoja wa kumpyana marehemu, yaani kulivaa jina lake. Anakalishwa kwenye mkeka, anapewa maji na mkaba, yaani mshipi, wa marehemu, na kuanzia saa ile yeye ndiye marehemu. Mama wa marehemu anamwita mwanangu. Wadogo wanamwita yaya. Na kulia kunakwisha. Atakayelia tena anamkana aliyerudi, ni kama anamchimbia kaburi la pili. Ukoo ukamchagua Adrien. Albertine alikuwa na donge kooni kubwa kama ngumi, hata siku tatu za kulia hazijaisha, wakamwambia: nyamaza, Kyembe amerudi, msalimie. Akapiga magoti, akamwambia Adrien, "Jambo, yaya." Akameza donge lake.

Mwaka uliofuata serikali ikapiga marufuku majina ya ubatizo. Kila mtu aende kuandikisha jina la mababu. Barnabé, Adrien, Gertrude, yote yakabaki ya kuitana jikoni na kunong'ona kanisani. Adrien akaenda ofisini, akaandikisha Kyembe. Nani angemlaumu? Ukoo ndio uliompa. Les Acides ikavunjika, naye akaingia kikundi cha chama, wale wa kucheza na kumsifu Rais kila mgeni akija. Akanenepa. Akaanza kuvaa abakosi, ile suti isiyo na tai, hata siku za joto.

Mwaka 1980 akatokea mwalimu Théodore, wa historia, kijana mpole mwenye miwani. Alikuwa amekua na nyimbo za Les Acides, akaapa kuandika kitabu juu ya miaka yao ya mwanzo. Akaja sokoni, akasimama mbele ya samaki.

"Mama Albertine, banasema bendi ilianzia kwenu nyumbani."

Albertine alifurahi, masikini. Alikwenda nyumbani akalitoa daftari la buluu ndani ya sanduku, akampa.

"Hizi nyimbo alitunga nani?" mwalimu akauliza.

"Kyembe."

"Na Kyembe eko wapi?"

Mawe, ole wake! Hapo ndipo. Angesema amekufa, lakini mwiko wa ukoo haumruhusu. Ukishampyana mtu, hasemwi amekufa. Kinywa chake kikajibu kama kilivyofundishwa: "Eko pale karibu na gare ya treni. Nyumba ya mulango ya kijani." Mwalimu akashukuru, akaandika, akaenda. Albertine akaendelea kupanga samaki wake, akiamini Adrien ataeleza. Mtu akikaa juu ya jina la mwenzake si angalau aseme kiti ni cha nani?

Kitabu kilitoka mwaka mmoja baadaye, kurasa themanini, jalada jekundu. Théodore mwenyewe alimletea nakala, kwa heshima, kwa mikono miwili. Kifaransa chake Albertine alikipata kwa masista, kilitosha. Alisoma amesimama. Kyembe alitengeneza gita. Kyembe alitunga nyimbo zote. Kyembe, baada ya kufikiri sana, alikata spika kwa wembe ili apate sauti mpya. Kyembe leo ni mwanachama hodari, na ule wimbo wa mama, yeye mwenyewe ameeleza, aliutunga kwa ajili ya Chama, mama wa Wazaire wote. Ukurasa wa mwisho, picha: Adrien na abakosi yake, anacheka.

Samaki wa siku ile waliuzwa na jirani. Albertine alitoka sokoni na kitabu mkononi hadi mlango wa kijani, njia nzima anasema peke yake. Kwa wembe! Baada ya kufikiri sana! Mwizi huyu hajawahi kufikiri hata anapovuka reli!

"Adrien," alisema mlangoni, bila yaya, bila hodi. "Nyimbo za kaka yangu umeziiba."

Adrien hakukasirika, na hilo ndilo lililomchoma zaidi. Alimvutia kiti. "Kaka yako ni nani, Albertine? Haukuja mwenyewe kunipigia magoti? Jina mulinipa weye na mama. Kyembe njo minye. Ukisema Kyembe ni mwingine, unasema nini? Eko wapi huyo mwingine?" Akatabasamu. "Sema. Nasikiliza."

Albertine akafungua mdomo, ukakataa. Miaka kumi ya mwiko ilikuwa imekaa humo. Akarudi nyumbani, akamweleza mama yake. Mama Gertrude alikuwa amezeeka, macho yameanza ukungu. Kila Jumamosi Adrien alimletea unga na kumwita mama.

"Muache mutoto wangu," Mama Gertrude akasema.

"Mutoto wako alikutungia wimbo, mama. Huyu ameupa Chama."

"Alirudi. Ukoo balimurudisha. Usimufukue tena, Albertine, nakuomba."

Hapo Albertine alijikasirikia yeye mwenyewe kuliko Adrien. Nani alitoa daftari? Yeye. Nani alionyesha nyumba? Yeye. Watoto wa Likasi watasoma kwamba Barnabé hakuzaliwa, na kalamu ilishikwa na ulimi wake mwenyewe. Wiki nzima hakumtukana mteja hata mmoja, watu wakadhani anaumwa.

Jumapili ya sherehe ya kukizindua kitabu, saa tisa alasiri, ukumbi wa wafanyakazi ulijaa. Mbele walikaa wakubwa wa chama. Kikundi cha chama kilicheza, kikashangilia. Mwalimu Théodore akasema maneno machache. Kisha Adrien akapanda jukwaani, akashika maikrofoni. "Mu soixante-sept," akaanza, yaani mwaka 1967, "minye nilikuwa kijana mudogo, nikachukua mulango wa kabati ya mama..."

Albertine alikuwa amekuja na wauza samaki wenzake wanne, wamekaa nyuma. Aliposikia kabati akasimama. Alitembea katikati ya viti hadi mbele ya jukwaa. Akafungua kitambaa cha kichwa, akakifunga kiunoni, akakaa chini sakafuni, akanyoosha miguu kama wanavyokaa wanawake kwenye matanga. Akaweka mikono kichwani.

"Maweee! Kyembe wangu weee! Umeniacha na nani!"

Wakubwa wakageukiana. Kumlilia mtu mzima aliye hai! Hata mchawi angefikiri mara mbili. Lakini kilio kina amri yake kwetu: mwanamke akikaa chini kulia, anayemsikia hakai kwenye kiti. Wale wanne wakafungua vitambaa, wakaja wakakaa. Mke wa mpiga ngoma wa kikundi akaja. Mabibi wa safu ya tatu, ambao hata hawakujua anayeliliwa, wakateremka mmoja mmoja. Punde sakafu ikajaa wanawake, na kilio kikapanda mpaka kwenye mabati.

"Ulikufa mu mwezi wa tatu, Kyembe! Mvua ilinyesha, kaburi iliingia maji! Leo umevaa abakosi, Kyembe, nani alikuvalisha!"

"Simamisheni huyu mwanamke," mkubwa mmoja wa chama akasema. "Sitwayeni," akamwita Albertine kwa neno la chama, yaani raia, "unalia nani?"

"Namulia yaya wangu Kyembe." Albertine hakuinuka. Machozi hayakuwapo bado. Macho yalikuwa makavu na yanawaka. "Nyimbo za Les Acides alitunga muntu mwenye tulizika. Kama ni huyu alitunga, basi njo yeye tulizika, muache tumulie. Leo tumulie, kesho tumuzike tena. Kama ni muntu mwingine, aseme jina yake."

Wanawake wakaitikia: "Kyembe weee!"

Adrien alikuwa ametoka jasho, abakosi imelowa mgongoni. Alijaribu kucheka. Mpiga gita wa kikundi akaweka gita chini, akasogea mbali naye, polepole, kama mtu anavyomkwepa mgonjwa. Hilo ndilo lililomvunja. Wanawake hamsini wanaliita jina lake kaburini, na wenzake wanamkimbia.

"Inatosha!" akapiga kelele ndani ya maikrofoni. "Hapana kunilia! Niko muzima! Minye si Kyembe, minye Adrien! Adrien! Mutoto wa mama mudogo!"

Mbele ya wakubwa wote wa chama, jina la ubatizo lililopigwa marufuku, kwa maikrofoni. Mkubwa yule akageuza shingo taratibu kumwangalia.

Mwalimu Théodore alikuwa amesimama, miwani mkononi, uso umemshuka. "Na nyimbo?" akauliza. Alisema chini, lakini ukumbi wote ulisikia. "Nyimbo alitunga nani?"

Adrien akaangalia sakafu iliyojaa wanawake. "Barnabé," akasema. "Alitunga Barnabé. Alikufa."

Albertine alikuwa ameshinda. Angepaswa kusimama, kufunga kitambaa, kwenda zake na kichwa juu. Alijaribu. Akashika ukingo wa jukwaa ajiinue, na ndipo lile donge la miaka kumi likapanda. Alilia. Safari hii hakupanga maneno, hakumtazama mtu, alilia huku anapiga sakafu kwa ngumi na kumtukana Adrien, na ukoo, na mkeka, na maji waliyomnywesha mwizi, na wote waliomwambia nyamaza. Wenzake wakambeba wawili huku na wawili huku mpaka nyumbani, na njia nzima aliendelea.

Mama Gertrude aliwasikia kutoka mbali, akatoka mlangoni akipapasa ukuta.

"Albertine? Unalia nani?"

Angeweza kusema uongo. Wenzake walimkonyeza aseme uongo.

"Barnabé, mama. Nalia Barnabé. Alikufa."

Mama Gertrude akauachia ukuta. Kisha akafungua kitambaa chake cha kichwa, akakaa chini pale pale kizingitini, akanyoosha miguu, akaita jina la mwanawe.