Mama Léa wa pa Kichuguu

Ukitoka Lubumbashi kwa njia ya Kasenga, ukaiacha Ruashi nyuma, utakiona kichuguu chekundu kirefu kuliko nyumba, mti umeota kichwani pake. Sogea, nikusimulie habari za mama anayekaa ubavuni mwake.

Zamani hapakuwa na kijiji. Walikuja wachoma makaa, wakajenga, na kwa kuwa pori lote lilifanana, waliwaambia madereva, "Mutushushe pa kichuguu." Basi likawa ndilo jina. Vichuguu vingine walivikata, wakafyatua matofali. Hiki wakakiacha, maana bila hicho nani angefika kwao?

Miti ilipoisha, watu walihamia Ruashi, nyumba baada ya nyumba, wakang'oa na mabati yao. Akabaki Mama Léa, mjane. Binti yake Brigitte alikuwa amefuata mume Kolwezi, kisha telefone ya mama ikaibwa na namba zote ndani. Siku hizi akipika hana hata wa kumwomba chumvi.

Kiangazi hiki alikuja Alexis, mtoto wa mdogo wake, na jembe na kalibu ya matofali.

"Mama mukubwa, udongo wa kichuguu hii njo wa nguvu kwa matofali. Nitajenga Ruashi, nikupe chumba, ukae na bantu."

"Na Brigitte akikuya?"

"Atauliza."

"Atauliza nani? Mapanya?"

Alexis akacheka, halafu akainama. "Pengine hatakuya tena, mama."

"Pengine. Lakini akikosa kukuya, ikuwe kwa roho yake, haiko kwa kukosa njia."

Alexis akafunga jembe kwenye baiskeli, akaenda kutafuta kichuguu kingine. Na kile chumba kikaenda naye.

Jioni moja gari lilisimama. Mama Léa akajifunga kitenge upya, akatoka haraka. Kumbe ni abiria tu, mwanamume mzima, anatoka nyuma ya kichuguu akifunga mkanda.

"Hauna haya, baba? Mu kijiji ya bantu?"

Yule akazitazama kuta zisizo na paa. "Kijiji gani, mama? Dereva anasema hapa ni pa kichuguu tu."

"Anapaita vile?"

"Madereva bote banapaita vile."

Mama Léa akaonyesha sufuria ya ugali motoni. "Kuya ule bukari kidogo."

"Gari inaningoja, mama."

"Basi umwambie dereva asiache kupaita vile."

Gari likaondoka. Alisimama pale hadi vumbi likashuka, kisha akarudi kuchochea moto.