Mkono wa Profesa

Tangu volkano imeze madarasa ya chuo, profesa anafundishia chini ya hema, juu ya mawe meusi yaliyopoa juzi tu. Akimaliza, mikono yake huwa myeupe kwa chaki, na mtu akimsalimu humpa kifundo cha mkono, kama mkulima aliyetoka shambani. Kisha huja langoni, Byiringiro mlinzi humwagia maji ya bidoni, lile dumu lake la plastiki, naye husugua kidole kimoja kimoja, akiuliza habari za watoto kwa sauti ndogo, kama anayeogopa kumwamsha mtu.

Siku ile alikuwa amekwisha kunawa wakati komanda wa waasi aliposhuka garini. Mwalimu mwenzake aliyewahi kumkatalia komanda huyo alipakiwa katika gari hilohilo, na hajarudi.

“Profesa, mudogo yangu alikosa mutihani. Umupe tu pointi, tubakie marafiki.” Akanyoosha mkono.

“Akuje afanye, komanda. Nitamungojea.” Profesa akamtolea kifundo.

Byiringiro akakumbatia bidoni, roho juu. Mkono ule alikuwa ameunawisha mwenyewe.

Komanda aliugeuza, akautazama. “Lakini mukono yako haina chaki.”

“Iko safi,” profesa akasema kwa sauti yake ileile ndogo. “Ndiyo maana.”