Daftari Lililowekewa Kikombe

Sikudhani binti Salehe alikuwa bi mkubwa wangu, yaani mke wa kwanza wa mume wangu Mfaume, na kabla sijasema jema lolote juu yake niseme wazi kwamba miaka ya mwanzo sikumpenda. Alinyoosha kila kitu. Nguo, mikeka, kuni zilizopangwa ukutani, hata mimi alitaka kuninyoosha. Kwao Kisarawe, katika watu wa chuo cha Kurani, na yeye alihitimu msahafu kabla hajavunja ungo; hilo hakukubali tulisahau. Mfaume alimleta hapa Soga, baadaye akanioa mimi kutoka Magindu, akatuweka nyumba moja yenye jiko moja. Hilo la jiko moja lilikuwa kosa lake, Mungu amrehemu.

Mwaka 1938 shamba la katani karibu na stesheni lilipata fundi wa mitambo, Mzungu, na mkewe aliyeitwa Hana. Sikudhani akaajiriwa kuwapigia pasi. Hapo ndipo mkanganyiko ulipoingia nyumbani kwetu, na mpaka leo haujatoka.

Kila alasiri alirudi na habari zisizopatana. Mama Hana ni Mjerumani, lakini amewakimbia Wajerumani. Ni Mzungu, lakini nguruwe hali. Ijumaa jua likizama anawasha mishumaa miwili, na Jumamosi kutwa hagusi moto. Ana vitabu vitano ambavyo herufi zake zinaanzia kulia kwenda kushoto kama zetu, ila Sikudhani wa kuhitimu msahafu hakuweza kusoma hata moja. Hilo lilimuuma.

"Zinakwenda njia yetu, Zena," aliniambia, "lakini sizijui hata kidogo."

Mwalimu wa chuo akasema hao ni Mayahudi, watu wa Nabii Musa. Mfaume akauliza, "Nabii Musa si alikuwa Misri? Mbona huyu katoka Ujerumani?" Mwalimu akamwambia asiulize mambo makubwa, na safari hiyo nilikuwa upande wa mume wangu.

Kulikuwa na kitu kingine katika nyumba ile, daftari nene la jalada jeusi. Sikudhani alipokuwa akipiga pasi, Mama Hana alikaa upande wa pili wa meza, akalisoma kwa Kijerumani kisha akageuza kwa Kiswahili chake cha jikoni. Zilikuwa hadithi za wanawake wa Kiyahudi. Mmoja alikuwa mjane mwoka mikate. Watu walipokuja na marungu kuwapiga jirani zake, alifungua tanuri, akawagawia mikate ya moto, akawaulizia mama zao mmoja mmoja kwa jina, mpaka wakaona haya wakaondoka. Mwingine alikuwa msichana aliyevuka mpaka na kitabu kitakatifu kilichofichwa ndani ya kinyunya, donge la unga wa mkate uliokandwa.

Sikudhani alinisimulia hizo tukimenya muhogo. Mimi sikubali kushindwa kwa maneno, nikamjibu kwa za kwetu Magindu, za bibi yangu Mwanahalima. Tulisimuliana hivyo mwaka mzima. Nadhani ndivyo tulivyoacha kuchukiana, ingawa hakuna aliyetangaza.

Vita ilipoanza, askari walikuja kuwachukua fundi na mkewe. Kwa Waingereza, Mjerumani ni Mjerumani. Mama Hana alikuja mbio mpaka uani kwetu na kasha la mbao.

"Vitabu vyangu, Sikudhani. Weka. Nitarudi."

"Ni amana," Sikudhani akasema, akalipokea.

Usiku ule hakula. Aliniuliza kama vile mimi ndiye niliyewakamata, "Kama hawa ni Wajerumani, mbona Wajerumani wenzao waliwafukuza? Na kama si Wajerumani, wamekamatwa kwa nini?" Nikamwambia ale, wali upo.

Sasa nifike kwangu. Wiki chache baadaye nilitoka gulioni Mlandizi na maneno kwamba atakayekutwa na maandishi ya Kijerumani atafungwa pamoja na Wajerumani. Aliyeniambia alikuwa muuza samaki. Hakuna mkubwa yeyote aliyetoa amri hiyo, nimeuliza sana baadaye. Lakini nilikuwa mjamzito, na nilimwona Mfaume kama tayari yuko kifungoni. Nikamwambia bi mkubwa, "Kasha lako litatuua."

Alilifungua, akakaa nalo siku mbili. Vitabu vitano alijua la kufanya. Alikuwa amemwona Mama Hana akivibusu na kuviweka juu kabisa, pasipofikiwa na mguu wala chakula, kama sisi tunavyoweka msahafu. Na herufi zake hazikuwa za Kijerumani. Lakini daftari lilikuwa na herufi za Kizungu, na Mama Hana alikuwa akiliwekea kikombe cha kahawa. Jalada lilikuwa na alama za duara, moja juu ya nyingine.

"Kitu cha heshima hakiwekewi kikombe," alisema, lakini hakuonekana kujiamini. "Au unaonaje?"

"Mimi naona ni karatasi."

Hakuweza kulichoma mwenyewe. Aliliacha karibu na jiko, akaenda kuswali. Nililichoma mimi, chini ya sufuria ya muhogo. Jalada lilinuka ngozi, na muhogo haukuiva vizuri.

Vile vitano alivifunga kwa kitambaa cha bafta nyeupe akaviweka darini. Kila mwezi alitawadha, akavishusha, akavikagua mchwa, akavirudisha. Alifanya hivyo miaka saba. Mimi nilimcheka mwaka wa kwanza tu.

Mwaka 1946 Mama Hana alishuka garimoshi la asubuhi, peke yake, nywele zimekuwa nyeupe. Mumewe alifia walikopelekwa. Yeye alikuwa anakwenda Dar es Salaam kupanda meli, na garimoshi la alasiri ndilo lingemchukua. Sikudhani alitawadha, akamletea bafta kwa mikono miwili. Mama Hana alivibusu vitabu kimoja kimoja. Bi mkubwa alikuwa na furaha ambayo sikuwahi kumwona nayo hata siku ya harusi ya mwanawe.

"Na lile daftari jeusi?"

Niliinamia sinia la chai nililokuwa nimeshika.

"Hivi vitano," Mama Hana alisema taratibu, "penye Mayahudi vinapatikana. Lile aliliandika mama yangu kwa mkono wake. Bibi zetu wote wamo. Nimeandika barua kule kwetu, Sikudhani, nimeandika kwa kila mtu. Hakubaki wa kunijibu."

"Nililichoma mimi," Sikudhani akasema.

Nilipaswa kufungua mdomo pale pale. Sikuufungua. Nilikuwa nimesikia hadithi zote zile za wanawake mashujaa, nimezisikia mpaka nazijua, na ilipofika zamu yangu nikashika sinia.

"Nilikuona ukiliwekea kikombe," Sikudhani aliendelea. "Nikadhani si kitu."

"Mama aliliwekea kikombe chake akiandika. Mimi nilipenda kuweka changu pale pale."

Sikudhani alilia bila kujifuta. Alifuata heshima kama alivyofundishwa, hatua kwa hatua, na heshima yenyewe ikampeleka pabaya. Alinitazama kama mtu aliyepotea kwenye njia ya nyumbani kwake. Kisha Mama Hana alitoa karatasi na penseli kwenye mkoba.

"Nilikusomea mwaka mzima. Sema unachokumbuka."

Akaanza. Mwoka mikate, msichana wa kinyunya, na wengine ambao Mama Hana mwenyewe alikuwa amewasahau. Alipowasikia alifunika uso, kisha akaandika. Adhuhuri ikatukuta hapo.

"Halafu yule wa ndui," Sikudhani akasema. "Askari walikuja kuwachukua wanaume. Akampaka mwanawe majivu na uji wa muhogo mwili mzima, akaketi mlangoni, akawaambia karibuni, humu mna ndui, mimi nishaugua. Wakakimbia."

Penseli ilisimama. "Huyu simkumbuki. Na muhogo, kwetu? Alikuwa wa daftari kweli?"

Sikudhani alishika kichwa. "Sasa nimechanganyikiwa. Zena, tulikuwa tukisimuliana sote. Yule alikuwa wa nani?"

Alikuwa bibi yangu Mwanahalima, Magindu, wakati wa Maji Maji, na aliyepakwa uji ule alikuwa baba yangu mzazi.

"Wa daftari," nikasema. "Muhogo umeuchanganya wewe. Yeye alitumia unga wa ngano."

Mama Hana akacheka huku machozi yanamtoka, akaandika, akauliza jina lake. Nikamwambia daftari halikulitaja. Baadaye tulimsindikiza stesheni, Sikudhani kambebea vitabu.

Sikudhani alifariki kwao Kisarawe mwaka 1954, nami nilimwosha. Hakuwahi kunikumbusha ni nani aliyewasha moto ule, na mimi sikuwahi kumwambia yule wa ndui alikuwa wa nani. Bibi yangu yuko huko alikopelekwa na meli, kati ya wanawake wa Kiyahudi, hana jina na kashika unga wa ngano. Nilichoma bibi za mtu, nikamlipa mmoja wangu. Kama yalikuwa malipo au uongo nilioongeza juu ya uoga, sijui. Hukumu ya hayo anaijua aliyesoma, na aliyesoma alikuwa bi mkubwa.